Bulamatari: Safari ya Neno la Wavunja Mawe hadi Kaskazini mwa Ziwa Tanganyika

Katika msamiati wa Kiswahili cha Kongo ni machache maneno yaliyobeba historia nzito kama neno bulamatari. Msemaji wa Bagamoyo au wa Lamu alisikiapo kwa mara ya kwanza huenda akadhani kuwa linahusu ngoma, kwa kuwa sehemu yake ya pili inalingana na matari, wingi wa tari, ile ngoma ndogo ipigwayo katika maulidi na harusi za pwani. Asili ya neno hili haina uhusiano wowote na ngoma. Ni neno la Kikongo lenye sehemu mbili: kitenzi bula, yaani kupiga au kuvunja, na nomino matadi, yaani mawe. Nomino hiyo hiyo ndiyo iliyoupa jina mji wa Matadi, bandari kuu ya Kongo ya chini. Baina ya sauti d na r matamshi ya Kikongo hutofautiana kutoka eneo moja hadi jingine, na ndiyo sababu katika maandishi ya zamani huonekana Bula Matari na Bula Matadi, wakati mwingine katika kitabu kimoja. Maana ya asili, basi, ni mvunja mawe. Ni neno la kazi ya mikono, la nyundo na jiwe. Jinsi neno la namna hiyo lilivyofika kumaanisha serikali, afisa, kodi na amri isiyojadiliwa ndilo jambo linalohitaji kuelezwa.

Simulizi iliyozoeleka husema kwamba watu wa Kongo ya chini walimpa jina hilo Henry Morton Stanley baada ya kumwona akilipua miamba kwa baruti. Simulizi hiyo imerudiwa mara nyingi mno hata ikawa kama haihitaji ushahidi. Lakini Stanley mwenyewe, katika kitabu chake juu ya kuanzishwa kwa Dola Huru ya Kongo kilichotoka mwaka 1885, anaeleza jambo dogo zaidi. Anasema kwamba wakuu wa Vivi walimwita hivyo walipomwona akiwafundisha watu wake namna ya kuitumia nyundo kubwa ya kupasulia mawe. Tofauti ya simulizi hizi mbili si ndogo. Katika ile ya baruti yumo mtu mmoja na uwezo wake wa kutisha. Katika ile ya nyundo wamo watu wengi, na anayeitwa mvunja mawe ni yule asimamiaye, wala si wale washikao mpini.

Watu hao walikuwa nani? Stanley alipotoka Zanzibar mwaka 1879 alichukua Wazanzibari 68, na wengi wao walikuwa wamekwisha kusafiri naye katika ile safari ya miaka 1874 hadi 1877 iliyoikata Afrika kutoka mashariki hadi magharibi. Walizungushwa kwa meli kupitia Bahari ya Shamu na Mediterania hadi mlango wa mto Kongo, wakafika Banana mwezi Agosti mwaka huo huo. Baadaye waliongezwa wengine kutoka Zanzibar. Hawa ndio waliojiita Waungwana, na neno hilo hilo, kwa matamshi ya bara, ndilo lililozaa Kingwana, jina ambalo Kiswahili cha Kongo kiliitwa kwa muda mrefu. Kwa hiyo mikono ya kwanza iliyolipa uhai jina bulamatari ilikuwa, kwa sehemu kubwa, mikono ya wasemaji wa Kiswahili, ingawa neno lenyewe halikuwa la Kiswahili.

Kazi yao ilikuwa kufungua barabara kutoka Vivi hadi Isangila, mwendo wa maili 52, mahali ambapo maporomoko ya maji yaliuzuia mto usipitike kwa vyombo. Meli zilizofumuliwa vipande vipande, mitambo yake na mizigo mingine ilikokotwa juu ya magari ya kuvutwa kwa kamba. Kwa kuwa watu hawakutosha kuchukua vyote kwa safari moja, msafara ulikwenda na kurudi, hata Stanley akahesabu kwamba kwa ajili ya maili hizo 52 watu walitembea maili 2,352. Penye ncha ya Ngoma mlima uliteremka moja kwa moja hadi majini. Hapo ilibidi miamba ivunjwe na makorongo yafukiwe ili ipatikane njia ya kupita. Msafara ulipofika Isangila mwezi Februari mwaka 1881, walikuwa wamekufa Wazungu sita na Waafrika 22. Majina ya baadhi ya Wazungu hao yameandikwa. Ya Waafrika ni nadra kuyakuta.

Hata hivyo itakuwa makosa kudhani kwamba watu wa Vivi walilibuni neno hili kwa ajili ya Stanley. Karibu miaka 300 kabla yake, katika kitabu juu ya ufalme wa Kongo kilichochapishwa Roma mwaka 1591, Filippo Pigafetta, akiandika kutokana na maelezo ya Mreno Duarte Lopes, anamtaja mkuu mmoja wa Kongo aliyeitwa Francisco Bullamatare. Inasimuliwa kwamba mkuu huyo, ambaye hakuipokea imani ya Kikristo kwa moyo safi, alizikwa kanisani, na usiku pepo wabaya wakalifumua paa na kuutoa mwili wake nje. Tukiiacha kando hadithi ya pepo, linabaki jambo lenye uzito kwa mwanaisimu: jina hili lilikuwa tayari ni jina la ukubwa. Mtu aweza kuitwa Mvunja Mawe kwa sababu ana nguvu, bila kuwa amewahi kushika nyundo. Yamkini wakuu wa Vivi walipolitamka mbele ya Stanley walikuwa wakicheza na maana zote mbili kwa pamoja, ile ya kazi waliyoiona kwa macho na ile ya cheo waliyoirithi. Maana ya kisitiari, basi, haikuja baada ya maana ya kazi, bali ilikuwa ikiisubiri.

Kutoka kwa mtu jina lilihamia kwa watu wake, na kutoka kwa watu likahamia kwa dola. Uhamisho huu ulikuwa wa haraka. Stanley aliondoka Kongo mwaka 1884. Mwaka uliofuata Mfalme Leopold II wa Ubelgiji akatangaza Dola Huru ya Kongo, na makao yake yakawekwa Boma. Maafisa wapya waliokuja baada ya Stanley walilikuta jina linawangoja. Kila mmoja wao akawa Bula Matari, na wote kwa jumla wakawa Bula Matari. Roger Casement, balozi mdogo wa Uingereza, alipozunguka mto Kongo mwaka 1903 kuchunguza dhuluma za mpira, aliwakuta wanakijiji wakiitaja serikali kwa jina hilo. Maana ya nyundo ilikuwa imekwisha kufunikwa na maana ya bunduki.

Wakati huo huo kazi yenyewe ya kuvunja mawe ilikuwa imepanuka kupita kiasi. Reli ya kutoka Matadi hadi Léopoldville ilijengwa kati ya mwaka 1890 na 1898, na kilomita za mwanzo, katika miamba ya mto Mpozo na mlima Palabala, zilikuwa kaburi la wafanyakazi. Waliletwa kutoka Zanzibar, kutoka Afrika ya Magharibi, kutoka Barbados, hata kutoka Macau. Hesabu rasmi ilitaja vifo 1,932, na kati ya hivyo 1,800 ni vya watu wasio Wazungu. Wanahistoria wengi huiona hesabu hiyo kuwa ni ndogo kuliko ukweli. Hakuna mmoja wa hao aliyeitwa Bula Matari.

Jinsi neno lilivyofika kaskazini mwa Ziwa Tanganyika ni sura nyingine, na ndiyo yenye kuvutia zaidi kwa msomaji wa Kiswahili. Kiswahili kilifika huko kutoka mashariki. Burton na Speke walipofika Uvira mwezi Aprili mwaka 1858 walifuata njia ambayo wafanyabiashara wa Ujiji walikuwa wakiijua tayari, njia ya pembe na ya watumwa. Stanley naye aliyajua maji hayo kabla hajaitwa Bula Matari: mwezi Novemba mwaka 1871 yeye na Livingstone walikwenda kwa mtumbwi hadi ncha ya kaskazini ya ziwa, wakathibitisha kwamba mto Ruzizi unaingia ziwani wala hautoki. Katika miaka ya 1880 pwani hizo zilikuwa chini ya mkono wa Muhammad bin Khalfan al-Barwani, maarufu kwa jina la Rumaliza. Lugha ya biashara, ya misafara na ya amri ilikuwa Kiswahili.

Bulamatari lilitoka upande wa pili. Lilipanda mto Kongo pamoja na vituo, mashua za moshi na askari wa Force Publique, likafika maporomoko ya Stanley, likaingia Maniema, na hatimaye likafika ziwani baada ya vita vya miaka 1892 hadi 1894 vilivyovunja nguvu za Waarabu na Waswahili wa Kongo na kumfukuza Rumaliza. Kwa hiyo mikondo miwili ya lugha, mmoja ukitoka Bahari ya Hindi na mwingine ukitoka Atlantiki, ilikutana katika eneo hilo. Kiswahili kilishindwa vita lakini kikabaki kuwa lugha ya raia. Washindi walilazimika kukisema. Wao nao wakakichangia jina la utawala wao. Ni nadra kuona neno moja likionyesha kwa uwazi namna hiyo nani alishinda na nani alibaki.

Mpaka wa Ruzizi uliongeza ukali wa maana. Ng'ambo ya mashariki, katika Urundi ya Wajerumani, utawala ulitumia Kiswahili cha pwani, na maneno yake yalikuwa serikali na boma. Ng'ambo ya magharibi palikuwa na Bulamatari. Mzozo wa Wajerumani na Wabelgiji juu ya bonde la Ruzizi na Ziwa Kivu haukuisha hadi makubaliano ya mwaka 1910, na kwa muda huo wote mwenyeji wa bonde aliweza kutofautisha kwa neno moja tu bwana yupi anamdai. (Msomaji atagundua kwamba neno boma lenyewe linaweza kumchanganya mtu: kwa Wajerumani lilikuwa ofisi yenye ukuta, na kwa Wabelgiji lilikuwa makao makuu ya nchi, mji ulio karibu na mlango wa mto, mbali sana na Uvira. Ni sadfa ya sauti tu.) Baada ya mwaka 1916, majeshi ya Ubelgiji yalipovuka Ruzizi na kuiteka Urundi, tofauti hiyo ilianza kufifia, kwa maana ng'ambo zote mbili sasa zilikuwa na bwana mmoja.

Chini ya utawala wa Wabelgiji neno lilipata maana zake za kila siku. Kwanza lilikuwa taasisi: Bulamatari anataka kodi, Bulamatari amefungua zahanati. Ikumbukwe kuwa katika matumizi ya namna hii serikali husemwa kama mtu, kwa upatanisho wa kiumbe, wala si kama kitu. Pili lilikuwa afisa yeyote, hasa yule msimamizi wa eneo aliyezunguka vijijini na wabeba mizigo na askari. Tatu, na hapa ndipo maana ya mitaani inapoanza, lilikuwa tabia: amri ambayo mtu hawezi kuuliza sababu yake. Sheria ziliilisha maana hiyo. Kilimo cha lazima kilichoanzishwa mwaka 1917 kiliwekewa siku 60 kwa mwaka katika amri ya mwaka 1933. Mwaka 1942, kwa sababu ya vita, siku hizo zikafanywa 120. Katika bonde la Ruzizi zao la lazima lilikuwa pamba. Mtu aliyehesabu siku 120 za mwaka wake katika shamba ambalo hakulichagua hakuhitaji kamusi ili kuijua maana ya bulamatari.

Swali la kiisimu linabaki: kwa nini neno halikutafsiriwa? Kiswahili kina njia ya kuunda majina ya namna hii, na mvunjamawe lingekuwa neno la kawaida kabisa, kama mvunjajungu au mfuamaji. Jibu lililo karibu zaidi ni kwamba neno lililofungika, yaani lisiloonyesha maana ya sehemu zake, hubeba maana mpya kwa urahisi kuliko lile lililo wazi. Mvunjamawe angeonekana daima na nyundo mkononi. Bulamatari, kwa msemaji wa Kiswahili wa Uvira asiyejua Kikongo, halina jiwe wala nyundo ndani yake. Ni sauti tupu iliyo tayari kujazwa. Jambo kama hilo limetokea katika Lingala pia, ambako neno limekuwa mbula-matari, na sehemu ya kwanza ikafanana na mbula, yaani mvua au mwaka. Mvua haivunji mawe, lakini masikio hupenda kupata kitu cha kushika.

Katika Kivu neno jingine lilikuja kushindana nalo: Leta, kutokana na l'État ya Kifaransa, ambalo limeenea hata katika Kirundi na Kinyarwanda. Linatumika sana hadi leo katika Kiswahili cha eneo hilo, na yamkini ndilo lililolisukuma bulamatari kuelekea maana za utani na kejeli. Maneno mawili yenye maana moja hayadumu muda mrefu bila kugawana kazi. Leta likachukua serikali ya vyeti, mishahara na ofisi. Bulamatari likabakia na serikali ya nguvu. Wala haiwezekani kwa msemaji wa Kiswahili kutolisikia ndani ya Leta lile neno la amri, leta! Dola iitwayo kwa neno hilo inajieleza yenyewe kila inapotajwa.

Yafaa kulinganisha na neno la Tanganyika lililozaliwa katika tasnia nyingine. Mkonge ulioingizwa na Richard Hindorf mwaka 1893 ulihitaji vibarua wengi kuliko waliopatikana karibu na Tanga na Morogoro, na vibarua wa mkataba walisafirishwa kutoka mbali, wakiwemo Waha wa Kigoma na watu wa Ruanda-Urundi, yaani majirani wa Uvira. Kila mmoja alipewa namba, na kutokana na namba hiyo wote wakaitwa manamba. Tangu mwaka 1944 kulikuwa na ofisi maalumu ya kuwaandikisha, iliyojulikana kwa kifupi kama SILABU. Neno manamba halikubaki mashambani. Nchini Tanzania likawa na maana ya mtu yeyote anayemtumikia mwingine bila faida, na wasemaji wa siasa wamelitumia kuonya dhidi ya kuwa manamba katika nchi yao wenyewe. Nchini Kenya likahamia katika matatu, likawa jina la kijana aitaye abiria mlangoni mwa gari. Maneno haya mawili yametembea kwa njia zinazopishana. Manamba lilianza na kibarua na halikumwacha: popote lilipokwenda lilimfuata mtu wa chini. Bulamatari lilianza pale pale, kwenye jiwe na jasho, lakini tangu siku ya kwanza lilimruka aliyeshika nyundo na kumkalia anayeamuru.

Uhuru wa mwaka 1960 haukuliondoa. Majina mengi ya enzi ya Stanley yalifutwa: Stanleyville likawa Kisangani mwaka 1966, na mwanzoni mwa miaka ya 1970 sanamu yake iliyokuwa mlimani Ngaliema, Kinshasa, iliangushwa. Jina lake la utani halikuhitaji kufutwa kwa sababu halikuwa lake tena. Uasi wa mwaka 1964, uliowaka bondeni Ruzizi na kuiteka Uvira mwezi Mei mwaka huo, ulichochewa kwa sehemu na hisia kwamba wenye ofisi wamebadilika rangi tu. Katika hali kama hiyo neno la zamani halichakai.

Maisha yake ya karibuni zaidi ni katika vitabu vya wanazuoni. Crawford Young, mtaalamu wa siasa, alilichagua Bula Matari kuwa kielelezo cha dola ya kikoloni Afrika nzima katika kitabu chake cha mwaka 1994, akilifafanua kuwa ni nguvu isagayo kila upinzani. Uchaguzi huo ni wa haki, lakini umepunguza kitu. Raia wa Kongo hakulitumia neno hili kwa hofu pekee. Alilitumia pia akidai: Bulamatari alitujengea barabara, basi na aitengeneze. Ndani ya kejeli mlikuwa na hesabu ya madeni, na hesabu hiyo haionekani vizuri katika nadharia ya nguvu peke yake. Stanley mwenyewe amelala Pirbright, kusini mwa Uingereza, chini ya jiwe kubwa la matale lisilochongwa, ambalo juu yake limechorwa jina lake, miaka 1841 na 1904, maneno Bula Matari, na neno Africa.

Mjini Uvira, katika mitaa kama Rugenge iliyobanwa kati ya ziwa na milima ya Mitumba, mawe hayakosekani. Mito ya Mulongwe, Kalimabenge na Kavimvira huyateremsha kutoka mlimani kila masika, na mwezi Aprili mwaka 2020 Mulongwe uliyateremsha pamoja na nyumba na watu. Maji yakipungua, kina mama na vijana huketi kando ya mito wakiyapasua kwa nyundo ndogo hadi yawe kokoto, nao huyauza kwa wajenzi. Kazi hiyo ni ile ile iliyofanywa Vivi mwaka 1880, kwa chombo kisichotofautiana sana. Huitwa kuvunja mawe, kwa Kiswahili cha wazi, na wanaoifanya hawaitwi bulamatari.